Sandwichi kwa Watu 84: Jinsi ya Kupanga Bajeti ya Chakula cha Kikundi

Jumamosi katika mitaa ya Eastlands haikosi shughuli. Kayole kuna vijana wanaozibua mitaro, Jericho kuna mechi katika uwanja wa Camp Toyoyo, na katika Ukumbi wa Kaloleni kuna mkutano wa wakazi. Shughuli ikiisha, watu hutarajia kula. Si kila kikundi kina uwezo wa kupika pilau au kuchinja mbuzi, kwa hivyo wengi huchagua sandwichi na chai: slesi mbili za mkate zilizojazwa yai, parachichi au nyanya. Sandwichi haihitaji sahani wala kijiko, na mtu anaweza kuila akiwa amesimama.

Urahisi huo ndio unaowapoteza wengi. Mwanakamati huuliza bei ya mkate dukani, huikadiria kwa kichwa, kisha hutangaza mchango. Siku ikifika, pesa zinaisha kabla maziwa hayajanunuliwa. Mweka hazina anatoa za mfukoni mwake au anakopa dukani. Jumatatu swali linaingia katika kundi la WhatsApp: "Pesa zetu zilienda wapi?" Mara nyingi hazikwenda popote. Hazikuwa zimehesabiwa tangu mwanzo.

Somo hili linafuata hesabu hiyo tangu mwanzo hadi mwisho. Tutatumia kikundi cha mfano cha vijana wa Kayole chenye wanachama 50, ambacho kimeandaa siku ya usafi na mechi ya kirafiki. Watakula saa saba mchana. Bei zilizotumika ni za mfano tu; ziondoeni na muweke bei za mtaa wenu, lakini fuateni hatua zilezile.

HATUA YA 1: HESABUNI WALAJI WOTE

Kosa la kwanza ni kuhesabu wanachama peke yao. Andikeni orodha yenye sehemu tatu.

Wanachama: 50.
Wageni walioalikwa, yaani timu pinzani, wazee wa mtaa na wasemaji: 20.
Watu wa kazi, yaani wapishi, mpiga muziki, mlinzi wa vifaa na mwamuzi wa mechi: 6.

Jumla ni watu 76. Sehemu ya tatu ndiyo husahaulika, ilhali watu hao ndio hufika mapema na kuondoka mwisho. Sasa ongezeni kiasi cha asilimia 10 kwa ajili ya wale wasioalikwa. Katika mitaa yetu, muziki ukilia watoto hufika, na hakuna anayeweza kula mbele ya mtoto wa jirani akamfukuza. Asilimia 10 ya 76 ni karibu watu 8. Jumla mpya ni walaji 84.

Akiba hii ya watu iwekwe hapa mara moja tu. Mkiongeza asilimia 10 kwenye watu, kisha asilimia 10 kwenye mayai na nyingine kwenye parachichi, mtajikuta mmenunua chakula cha watu ambao hawapo.

HATUA YA 2: HESABUNI SLESI

Mikate haihesabiwi kwa watu bali kwa slesi. Amueni kwanza kila mtu atakula sandwichi ngapi. Ikiwa ni kitafunio cha saa kumi alasiri baada ya watu kula nyumbani, sandwichi moja inatosha. Ikiwa ndiyo chakula cha mchana cha watu waliobeba sepetu tangu asubuhi, wekeni mbili.

Kikundi chetu kitatoa mbili. Sandwichi moja ina slesi mbili, kwa hivyo kila mlaji anahitaji slesi 4. Watu 84 mara slesi 4 ni slesi 336.

Nunueni mkate mmoja wa aina mtakayotumia, mfungue, mhesabu slesi zinazofaa bila ncha mbili za mwisho. Msikisie, kwa maana viwanda havikati mkate kwa unene mmoja. Tuseme mkate wa gramu 400 una slesi 12 zinazofaa. Gawanyeni 336 kwa 12: mnapata mikate 28. Ongezeni miwili kwa slesi zitakazopasuka wakati wa kupaka. Mikate 30 kwa shilingi 70 ni shilingi 2,100.

Ulizeni bei tena wiki moja kabla ya siku yenyewe. Mkate wa kawaida hautozwi VAT; pendekezo la kuutoza asilimia 16 katika Mswada wa Fedha wa 2024 liliondolewa mwezi wa Juni mwaka huo baada ya wananchi kulipinga. Hata hivyo, bei ya ngano na ya mafuta ya usafirishaji haitulii. Bajeti iliyoandikwa mwezi wa kwanza haiwezi kuaminiwa mwezi wa nne.

HATUA YA 3: HESABUNI VIJAZO

Slesi 336 zitatengeneza sandwichi 168. Kikundi kimeamua nusu iwe ya mayai na nusu ya parachichi na nyanya, ili asiyekula mayai asibaki na chai peke yake.

Mayai ya kuchemsha: yai moja kwa kila sandwichi ni mayai 84. Kreti 3 zina mayai 90. Kwa shilingi 450 kila kreti, ni shilingi 1,350.
Parachichi: moja likipondwa linatosha sandwichi 3, kwa hivyo ni 28. Kwa shilingi 20 kila moja, ni shilingi 560.
Nyanya: kilo 5 kwa shilingi 100 ni shilingi 500.
Vitunguu, matango, dania, ndimu na chumvi: shilingi 600.
Majarini: kilo moja, shilingi 450. Majarini ni ya sandwichi za mayai peke yake. Parachichi tayari lina mafuta yake.

Ukijumlisha mkate na vijazo unapata shilingi 5,560. Vikundi vingi hufunga daftari hapa na kutangaza mchango. Lakini tazameni mahali tulipo: hatujanunua hata tone la maji.

HATUA YA 4: HESABUNI VISIVYOONEKANA KWENYE MKATE

Chai: watu 84 mara kikombe cha robo lita ni lita 21. Maziwa lita 10 kutoka kwa mashine ya maziwa ya mtaani kwa shilingi 80 ni 800, sukari kilo moja 160, majani ya chai 150. Jumla 1,110.
Maji: mitungi 3 ya lita 20 ya maji safi ya kunywa na kupikia chai, shilingi 300, na mitungi 5 ya kunawa mikono na kuoshea vyombo, shilingi 100. Jumla 400. Mkibaini kwamba mitungi 3 haitoshi kwa siku ya jua kali, ongezeni wa nne, msipunguze.
Mifuko ya khaki 300, tishu 200, vikombe vya karatasi kwa wageni 250, sabuni 150. Jumla 900. Wanachama waje na vikombe vyao kutoka nyumbani.
Gesi: 600.
Usafiri wa bodaboda na tuktuk kubeba mikate, mayai na maji hadi uwanjani: 700.
Posho ya wapishi 3 kwa shilingi 600 kila mmoja: 1,800.
Ada za kutuma na kutoa pesa kwa simu: 130.

Jumla ya sehemu hii ni shilingi 5,640. Imeizidi ile ya mkate na vijazo kwa shilingi 80.

Kuhusu vifungashio, kumbukeni kwamba mifuko ya plastiki ya kubebea imepigwa marufuku nchini Kenya tangu tarehe 28 Agosti 2017. Khaki inatosha, na haitazibua kazi yenu ya asubuhi kwa kurudi mtaroni.

Kuhusu usafiri, pimeni kabla ya kwenda Marikiti. Bei ya jumla katika Soko la Wakulima ni nzuri kwa anayenunua gunia. Kwa kilo 5 za nyanya, nauli ya kwenda na kurudi inaweza kumeza punguzo lote. Mara nyingi soko la mtaani asubuhi mapema linatosha.

Sasa tujumlishe:

Mkate na vijazo: 5,560
Chai, maji, vifungashio, gesi, usafiri, posho na ada: 5,640
Jumla ndogo: 11,200
Akiba ya dharura, asilimia 10: 1,120
JUMLA KUU: shilingi 12,320

Akiba ya dharura si sawa na ile akiba ya watu ya hatua ya kwanza. Hii ni pesa taslimu ambayo hukaa na mweka hazina na hutumika ikiwa bei imepanda au kreti moja imeanguka kutoka kwenye bodaboda. Isipotumika, hurudi kwenye akaunti ya kikundi.

HATUA YA 5: GAWANYENI MARA MBILI

Hapa ndipo penye somo kubwa. Gawanyeni jumla kuu kwa walaji: 12,320 kwa watu 84 ni karibu shilingi 147. Hiyo ndiyo gharama ya mlaji mmoja. Wengi wakiiona namba hiyo husema, "Basi kila mwanachama atoe 150."

Gawanyeni sasa kwa wanaolipa. Wageni hawalipi. Mwamuzi halipi. Mtoto wa jirani halipi. Wanaolipa ni wanachama 50 peke yao: 12,320 kwa 50 ni karibu shilingi 247. Kikundi kikitangaza 150 kitakusanya 7,500, na kitabaki na pengo la shilingi 4,820. Pengo hilo ndilo mweka hazina hulibeba kimyakimya.

Tofauti kati ya gharama na mchango tunaiona kila siku katika shule za jiji letu. Katika mpango wa Dishi na County, ulioanzishwa na Kaunti ya Jiji la Nairobi mwaka wa 2023, mtoto wa shule hulipa shilingi 5 kwa mlo wa mchana. Kila mzazi anajua kwamba wali na maharagwe havipikwi kwa shilingi 5. Kiasi kinachobaki hulipwa na kaunti pamoja na washirika wake, na kimo ndani ya bajeti. Bei nafuu kwa mlaji inawezekana, mradi ijulikane mapema ni nani atakayelipa kilichobaki.

Kwa hivyo ulizeni swali hilo katika mkutano, kabla ya kununua chochote: wageni 20, watu wa kazi 6 na watoto 8, chakula chao kinalipwa na nani? Jibu linaweza kuwa mchango wa wanachama, mfuko wa kikundi au mfadhili. Lisiwe "tutaona siku hiyo." Na mfadhili aliyeahidi tu asiandikwe kama pesa zilizopo. Ahadi iandikwe kama ahadi hadi pesa ziingie.

HATUA YA 6: PUNGUZENI PASIPO NA MADHARA

Ikiwa shilingi 247 ni nyingi kwa wanachama wenu, bajeti inaweza kupunguzwa kwa njia zinazojulikana.

Kwanza, sogezeni shughuli hadi alasiri na mtoe sandwichi moja kwa kila mtu. Mkate na vijazo vitapungua kwa karibu shilingi 2,800, na pamoja na akiba yake mchango utashuka hadi karibu shilingi 185.

Pili, wanachama wapike kwa kujitolea. Posho ya 1,800 ikiondoka pamoja na akiba yake, mchango hushuka kutoka 247 hadi karibu 207. Lakini waulizwe, wasiteuliwe. Si haki kazi hii iwe ya akina mama na dada wa kikundi kila mara wakati wengine wanatazama mechi.

Tatu, kila mwanachama alete kitu kimoja: huyu sukari, yule ndimu, mwingine gesi ya nyumbani. Vitu hivyo viandikwe daftarini kwa thamani yake ili mchango wa mtu usisahaulike.

Kuna vitu visivyopunguzwa: maji ya kunawa, sabuni na usafi wa chakula. Kipindupindu kilipoingia Nairobi mwaka wa 2017, miongoni mwa waliougua walikuwemo watu waliohudhuria mikutano na maonyesho katika kumbi kubwa za jiji. Ugonjwa haukuchagua mtaa. Sabuni ya shilingi 150 ndiyo bidhaa ya bei ya chini zaidi katika bajeti hii ukilinganisha na hasara inayozuia.

Mkiamua kumpa mpishi wa nje kazi, takeni bei iliyoandikwa inayoonyesha idadi ya sandwichi, kijazo, na kama usafiri umo. Kisha mwombeni awaonyeshe cheti cha afya cha kila anayeshika chakula, ambacho hupatikana baada ya kupimwa na hutakiwa kufanywa upya kila miezi sita. Mpishi wa kweli hakasiriki akiombwa cheti.

HATUA YA 7: PANGENI SAA KWA KURUDI NYUMA

Sandwichi si githeri. Haiwezi kuwekwa tena motoni ikichelewa. Shirika la Afya Duniani linashauri kwamba chakula kilichopikwa kisikae nje ya friji kwa zaidi ya saa mbili. Baadhi ya vijidudu huishi puani na mikononi mwa watu wazima wenye afya. Vikiingia kwenye yai lililopondwa na kukaa juani, huzaana haraka na kutoa sumu isiyoondolewa hata kwa kupasha moto. Chakula kinaweza kunukia vizuri na bado kikaumiza.

Anzeni na saa ya kula, mrudi nyuma:

Saa saba mchana: watu wanakula.
Saa tano u nusu hadi saa sita u nusu: kujaza mikate. Wapishi 3 wakitumia dakika moja kwa kila sandwichi, watamaliza 168 kwa karibu saa moja.
Saa tano u nusu: kuponda parachichi na kulikamulia ndimu ili lisigeuke rangi.
Saa tano kamili: mayai yanaepuliwa motoni.
Saa nne: kuosha mboga kwa maji safi, kukata vitunguu na matango kwa kisu na ubao uliooshwa.
Saa tatu: mikate, mayai na maji vimefika.

Msijaze mikate usiku wa kuamkia siku hiyo. Nyanya italainisha mkate, na yai litakuwa limelala nje ya friji.

Halafu kuna jambo la hotuba. Mgeni wa heshima anaweza kuchelewa, na kila msemaji husema "dakika mbili tu." Kubalianeni mapema, na mwelekezi wa shughuli aambiwe, kwamba saa saba ikifika watu watakula hata kama mgeni yuko barabarani. Mwekeeni viungo vyake kando ajaziwe mkate akifika. Si kumkosea heshima. Ni kuwalinda watu 83 wengine.

HATUA YA 8: SOMENI HESABU HADHARANI

Kila kilichonunuliwa kiwe na risiti, au ujumbe wa malipo ya simu. Mama mboga hana risiti, kwa hivyo andikeni bei, tarehe na jina la aliyenunua, na mtu wa pili atie sahihi. Watu wawili wanaponunua pamoja, hakuna anayebaki akijitetea peke yake.

Ndani ya wiki moja, mweka hazina asome mbele ya wanachama safu mbili: tulichopanga na tulichotumia. Ikiwa nyanya zilipangwa 500 zikatumika 650, asome hivyo na aeleze. Kilichobaki, hata kama ni shilingi 90, kitajwe na kiwekwe kwenye akaunti. Vikundi havivunjwi na shilingi 90. Huvunjwa na shilingi 90 ambazo hakuna aliyezitaja.

Karatasi hiyo mwihifadhi. Mwaka ujao itawaambia mikate mingapi ilibaki na ni watoto wangapi walifika, na hamtaanza tena kwa kukisia.

ZOEZI LA KIKUNDI

Fanyeni hesabu hii pamoja katika mkutano wenu ujao. Kikundi cha akina mama wa Umoja kina wanachama 30. Wamealika wageni 12 na watu wa kazi ni 3. Watatoa sandwichi moja kwa kila mtu.

1. Ongezeni asilimia 10 na mzungushe juu. Walaji ni wangapi?
2. Zinahitajika slesi ngapi, na mikate mingapi ya slesi 12?
3. Ikiwa jumla kuu ni shilingi 6,000, gharama ya mlaji mmoja ni ngapi, na mchango wa kila mwanachama ni ngapi?

Majibu: walaji 50, slesi 100, ambazo ni mikate 9, gharama ya mlaji ni shilingi 120, na mchango wa mwanachama ni shilingi 200.

Tofauti ya shilingi 80 katika jibu la mwisho ndiyo ya kujadiliwa kabla ya siku ya shughuli. Kwa maswali kuhusu usafi wa chakula na vyeti vya afya, muoneni afisa wa afya ya umma katika wadi au kaunti ndogo yenu mapema, wakati bado mna nafasi ya kurekebisha mipango.